Ne ya Kwetu, Ne ya Kwao

Neno lenyewe lina herufi mbili tu. Mpaka leo nikilisikia ghafla nyuma yangu, hata likitoka kwa mtoto anayekataa kuvaa kofia, hutafuta mahali pa kushika. Mume wangu Rumen huwaambia watu kuwa ni presha. Majirani huniletea majani ya chai ya milimani, nami hushukuru na kuyanywa. Sina presha mimi. Nina hofu.

Kwetu Bulgaria, ne ni hapana na da ni ndiyo. Ukivuka mpaka kuingia Ugiriki, ne hiyo hiyo ni ndiyo, na hapana yao ni ohi. Sijui nani aliyepanga mambo haya, lakini siku nikimkamata nitamzaba kofi. Tena si ulimi peke yake. Sisi tukikataa tunainua na kuinamisha kichwa, na tukikubali tunakitikisa kushoto na kulia. Kwao anayeinamisha kichwa amekubali. Basi Mbulgaria anayekwenda huko kutafuta kazi inambidi afundishwe upya kukubali na kukataa, kinywa na shingo, mtu mzima na mvi zake.

Rumen alinifundisha ndani ya basi msimu wangu wa kwanza. Yeye alikuwa tayari amekwenda misimu mitano bila mimi, mpaka lugha hizo mbili zikamchanganyikia. Alikuwa akitukana kwa Kibulgaria na kuhesabu magunia kwa Kigiriki, na mara nyingi nilimwuliza jambo kwa lugha yetu akanijibu kwa yao bila kujijua.

"Sikiliza, bibie," akaniambia. "Ne yao ni da yetu. Ukisahau mengine yote, hilo usisahau."

"Kwani mimi mtoto?"

"Haya. Tutaona."

Tukaona siku hiyo hiyo. Mama Fotini, mwenye kinu cha kukamulia zeituni tulikokwenda kufanya kazi, alitukaribisha kwa supu ya maharage. Nilipomaliza bakuli akauliza kama aniongeze. "Ne, ne," nikasema kwa adabu zote, nikiinamisha kichwa. Akaongeza. Nikala, maana kubakiza chakula cha mtu ni aibu. Akauliza tena, nikakataa kwa nguvu zaidi, akajaza mpaka mdomoni mwa bakuli. Bakuli la nne jasho lilikuwa linanitoka, na Rumen amejificha uso kwenye mkate, mabega yanamtikisika.

"Mbona hukuniambia?" nilimfokea baadaye.

"Ningekukatiza raha yako? Ulikuwa unakula kama uliyekodiwa!"

Mzee Pantelis, mwendesha mitambo wa pale, mtu wa tumbo kubwa na masharubu, akalifanya jina langu utani wa kinu kizima. "Nevena! Jina lako linaanza na ndiyo, binti yangu. Rumen, umepata mke asiyekataa kitu."

"Kwetu linaanza na hapana, Mzee," nikamjibu. "Mwulize mwenyewe mara ngapi amelala jikoni."

Tulicheka sana siku zile. Nami nikajifunza. Msimu mzima wa kwanza nilifunga kitambaa shingoni na kukikaza, ili kila nikitaka kutingisha kichwa kinibane, nikumbuke niko nchi gani. Miaka minne mizima sikukosea tena, hata mara moja, na nilijisifu kwa hilo.

Kilichonitia hofu kilikuwa shimo. Zeituni zilikuwa zikimwagwa kutoka kwenye magunia ndani ya shimo la chuma lililochimbiwa sakafuni, nje kidogo, chini ya paa la mabati. Kina chake kimo cha mtu. Chini kabisa mlikuwa na parafujo nene kama pipa, inayozunguka na kuzisukuma zeituni juu kwenda kuoshwa na kusagwa. Wakulima wengine ni wavivu, huleta zeituni na majani yake na vijiti vyake, na mara kwa mara tawi hujisokota kwenye parafujo, kila kitu kikasimama. Hapo Mzee Pantelis huzima mtambo na mtu hushuka na msumeno kulikata.

Swichi ilikuwa chumba cha ndani. Anayeshika swichi halioni shimo, na aliye shimoni haioni swichi. Kwa hiyo lazima mtu mmoja asimame mlangoni katikati, awaone wote wawili. Huyo nilikuwa mimi. Mzee Pantelis aliuliza kwa sauti kubwa, "Ametoka?" nami nikajibu, "Ne." Yaani ndiyo, ametoka, washa. Niliitamka ne hiyo mara ngapi sijui. Ndiyo iliyokuwa kazi yangu.

Na kila Rumen aliposhuka, niliogopa. Kila mara. Mama mkwe wangu alinishika mkono kituoni siku ya kuondoka, akiwa amesimama na binti yetu Bilyana ambaye tulimwachia, akasema, "Nakukabidhi mwanangu. Mrudishe mzima." Kila mwaka maneno hayo hayo. Nikilitazama lile shimo nilikuwa nikimsikia. Mwishowe nikamlazimisha Rumen tuwekeane alama: akishatoka, apige mluzi, hata kama namwona. Nilitaka kuona na kusikia pia.

Msimu wa tano, siku moja ya mwezi wa Desemba, saa tano asubuhi, mvua ilikuwa inanyesha. Wakulima wote walikuwa wamekimbiza mavuno yao kwa wakati mmoja. Matrekta yalipangana kutoka kinuni hadi kanisani, kila mmoja anapiga honi, kila mmoja anadai yeye ndiye wa kwanza. Parafujo ikakwama. Mzee Pantelis akazima, na Rumen akachukua msumeno.

"Leo usishuke," nikamwambia. Sijui kwa nini nilisema leo, maana nilitaka kusema hivyo kila siku. "Mwache Mzee ashuke mwenyewe. Shimo ni la kwao."

"Mzee ana tumbo la miaka arobaini ya mafuta. Akishuka nani atampandisha? Trekta?"

"Rumen, sicheki."

"Usicheke basi. Ukisikia mluzi, mumeo yupo. Usiposikia, rudi nyumbani uolewe na yule tarishi mwenye baiskeli. Najua anakutamani."

"Ana meno mawili yule."

"Si vizuri? Hatakung'ata."

Akanifinya shavu kwa vidole vyenye mafuta, akashuka. Nikasikia msumeno. Nikasikia akimtukana aliyeleta lile tawi, yeye na ukoo wake. Kisha tawi likarushwa nje, likaanguka karibu na miguu yangu, kikafuata kichwa chake, mabega, magoti. Akasimama ukingoni, akapiga mluzi.

Pumzi zikanirudi. Nikageuka kutazama chumba cha ndani. Mzee Pantelis alikuwa ameweka mkono kwenye swichi, wakulima watatu wamemzunguka wanampigia kelele masikioni.

"Nevena!" akaita. "Ametoka?"

Nilikuwa nimeshafungua kinywa nimjibu. Ndipo kwa pembe ya jicho nikamwona Rumen anainama, anachungulia tena ndani, anasonya, anaruka chini. Kipande cha lile tawi kilikuwa kimebaki.

Watu huniuliza kwa nini sikusema simamisha, au ngoja, au usiwashe. Nilikuwa nayajua maneno hayo yote ya Kigiriki. Lakini Kigiriki chote kiliniruka kichwani kwa mpigo mmoja, kikaniacha na lugha niliyonyonyea, na neno la kwanza ambalo mama yangu alinifokea nilipokaribia moto.

"Ne!" nikapiga kelele. "Ne! Ne!"

Na shingo nayo ikanisaliti. Nilikuwa nakataa kwa kichwa, kikwetu, juu na chini, kwa nguvu zangu zote, mpaka kitambaa cha kichwani kikanivuka. Mzee Pantelis aliniona vizuri sana. Aliona mwanamke anayesema ndiyo kwa kinywa na kwa kichwa, tena kwa haraka, kama anayeona naye wamecheleweshwa vya kutosha. Kadiri nilivyozidi kumkataza ndivyo nilivyozidi kumhakikishia.

Akawasha.

Sauti ya Rumen sitaieleza. Nilikimbilia shimoni, na hapo, wakati halina faida tena, neno lao likanijia. "Ohi! Ohi! Ohi!" Nililisema mara ngapi sijui. Kilichomwokoa ni kile kipande cha tawi alichorudia. Kilikwama tena kwenye parafujo, mtambo ukaguna, na Mzee Pantelis anaijua miguno ya mtambo wake. Akazima kabla hajaelewa ni nini. Ilikuwa imezunguka mara moja na nusu, basi. Lakini ilikuwa imemchukua mguu wa kushoto na kumpigiza ubavu na shingo ukutani. Alipotolewa macho yake yalikuwa wazi na hayatazami kitu.

Hospitali ilikuwa mji mwingine, mwendo wa saa nzima. Kwenye gari la wagonjwa walinikatalia nisimshike mkono, kwa hiyo nilishika kiatu chake cha kulia. Alikuwa mweupe kama unga. Daktari aliyekuwa naye hakusema kitu njia nzima, nami nikajua kuwa kama kungekuwa na jambo jema angesema.

Wakampitisha kwenye mlango wenye vioo viwili vya duara, ukafungwa. Nikakaa kwenye kiti cha plastiki. Mzee Pantelis akafika nyuma yetu na gari lake bovu, akakaa kiti cha pili, kofia mkononi. Nilikuwa naogopa kufungua kinywa. Neno lolote ambalo lingetoka humo, nani anajua lingemuua nani.

"Nilikusikia, Nevena," akasema mwishowe kwa sauti ndogo. "Ulisema ne. Uliitikia na kichwa. Nilikutazama."

Nikatikisa kichwa kushoto na kulia. Nilikuwa nakubali. Yeye akadhani nakana, akafunika uso kwa kofia.

"Sikulaumu, binti yangu," akasema humo ndani ya kofia. "Nataka tu uniambie mimi sina wazimu."

Ndipo nikamkumbusha, kwa Kigiriki changu kibovu, kwamba kwetu ne ni hapana, na kichwa nacho ni kinyume cha chao. Miaka minne alikuwa akilitania jina langu na hakuwahi hata siku moja kufikiri kuwa utani ule una meno. Wala mimi. Alipokuja askari na daftari lake akauliza nani alitoa ishara ya kuwasha, nilinyanyua kidole nijioneshe kifuani. Mzee Pantelis akaushika mkono wangu akaurudisha mapajani.

"Kosa ni langu," akamwambia askari. "Ilinipasa niende nikaangalie kwa macho yangu. Niliwasikiliza wenye matrekta. Andika hivyo."

Askari akaandika, akaondoka. Nilitaka kumshukuru Mzee, sikuweza. Nilikuwa nautazama mlango. Mama mkwe alikuwa anapiga simu, jina lake linawaka na kuzimika mikononi mwangu, wala sikuipokea. Ningemwambia nini? Nimrudishe yupi?

Mlango ukafunguka. Akatoka daktari mwanamke, kofia ya kijani kichwani, barakoa imening'inia kidevuni, na uso wa mtu aliyechoka kupita kiasi. Nikasimama. Nilikuwa nimeliandaa swali langu vizuri, kwa lugha yao, nimelirudia kichwani mara mia.

"Yuko hai?"

"Ne," akasema.

Sakafu iliondoka. Nakumbuka ubaridi wake shavuni, kwa hiyo nilianguka. Nakumbuka nikilia kilio ambacho bibi yangu alimlilia babu. Daktari akapiga magoti kando yangu, maskini, akadhani sikumsikia, akarudia kunituliza, "Ne, mama, ne, ne," na kila alipolitamka alimuua Rumen upya. Nilijua ne yao ni ndiyo. Miaka minne nilijua. Lakini wakati ule sikuwa Ugiriki, nilikuwa nyumbani kwetu mbele ya mama mkwe, na hapana ilikuwa hapana.

Aliyeelewa ni Mzee Pantelis. Akajiangusha sakafuni na tumbo lake lote, akanishika uso kwa mikono miwili inayonuka mafuta, akaanza kunitikisa kichwa, kushoto, kulia, kushoto, kulia, vile sisi tunavyokubali.

"Da," akasema. Sikujua kama alikuwa analijua hata hilo moja. "Da, Nevena! Ya kwenu! Da, da, da!"

Nikamkumbatia shingoni nikamlowesha shati zima. Daktari alitutazama akidhani sote wawili tumerukwa na akili.

Alikuwa hai. Hakuna aliyesema mzima. Mguu walikuwa wameukata juu ya goti, na shingo walikuwa wameifunga kola ngumu nyeupe asiisogeze hata kidogo. Siku tatu hakuniambia neno. Ya nne akafungua macho, akanitazama.

"Tarishi hajaja kukuposa?" akauliza.

Nililia na kucheka pamoja. Nikamnywesha maji kwa kijiko. Nikamwambia Bilyana na bibi yake wanamsalimu, Mama Fotini ameleta supu, Mzee Pantelis anakuja kila jioni na kukaa ukumbini bila kuingia. Nilizungumza sana, mbio mbio, kwa sababu kulikuwa na kitu kimoja nilichotaka kuuliza nami nilikuwa nakiogopa. Wakati ule yuko chini, sekunde ile kabla chuma hakijaanza kuzunguka, mlango ulikuwa hatua nne kutoka kwake. Na mimi nilipiga kelele.

"Rumen," nikasema kwa lugha yetu. "Ulinisikia? Nilichosema pale mlangoni, ulikisikia?"

Alitazama dari. Shingo ilikuwa imefungwa, haingeweza kunisaidia.

"Ne," akasema, akafumba macho.

Nilibaki na kijiko mkononi. Kama ilikuwa ne ya kwetu, hakusikia kitu, na jambo lile litabaki kati yangu na Mzee Pantelis mpaka tufe. Kama ilikuwa ne ya kwao, ile iliyokuwa ikimtoka bila kujijua, basi alinisikia, na alikuwa pale chini, yeye aliyezijua lugha zote mbili, akijua jinsi Mzee atakavyolisikia neno lile, na akijua ni mkewe aliyelisema. Nilipaswa kumwuliza: ya kwetu au ya kwao? Ni swali jepesi. Sikuliuliza siku ile, na kesho yake likawa zito zaidi.

Sasa ni mwaka wa sita tangu turudi nyumbani. Bilyana ameolewa. Rumen anafuga nyuki na anawachekesha watu wa kijiji kwa habari za mguu wake, kwamba aliuacha Ugiriki uendelee kufanya kazi. Ananitania vile vile. Ila kuna jambo moja nililichelewa kuligundua. Tangu tuvuke mpaka, sijamsikia akisema ne mbele yangu, hata moja. Akikataa chakula anasukuma sahani. Akimkatalia mtu husema "wapi" au "mwakani". Amelikwepa miaka sita, kila siku, ndani ya nchi ambayo huwezi kumaliza hatua kumi bila kulisikia. Mtu ambaye hakusikia kitu, analikwepa la nini?

Asubuhi mimi ndiye ninayemvalisha mguu wa plastiki. Napiga magoti, naukaza mkanda, na swali linafika mpaka ulimini, naogopa, nalimeza. Namwuliza jingine. Namwuliza kama unabana. Hunitazama, akaweka mkono wake juu ya kichwa changu, akapiga mluzi.